Mapigo Thelathini na Manne

Kilembe, saa tisa usiku.
Walimshusha Mbusa kutoka mlimani kwa machela ya mianzi,
mpagazi, nguo chepechepe kwa theluji iliyoyeyuka,
na hatetemeki tena. Hilo ndilo lililonitisha.

Kipimajoto kiligota kwenye thelathini na tano.
Si yeye aliyeishia hapo, ni namba za kioo.

Kwenye kifundo cha mkono sikupata kitu.
Nikahamia shingoni, vidole viwili,
nikahesabu dakika nzima, si robo mara nne
kama tufanyavyo tukiwa na haraka:
thelathini na manne.
Kati ya pigo na pigo
niliisikia jenereta ikikohoa,
na Nyamwamba ukiburura mawe yake.

Kabugho, mkewe: Msugue! Mtikise! Anakwenda huyo!
Nikamshika mikono.
Moyo wa baridi haushtuliwi, dada.
Umepoa, ukapunguza mwendo,
na mwili nao hauudai mengi.
Wewe usiku si hufukia makaa kwa jivu
yasiishe kabla ya asubuhi?

Tukamvua, tukamfunika mablanketi ya wodi nzima.
Chupa za soda, maji ya vuguvugu,
tukazizungushia lesu, tukazipachika kwapani.
Thelathini na manane.
Arobaini na moja.
Jogoo wa kambini akawika mapema, mjinga yule.
Arobaini na tisa,
ndipo taya likaanza, meno kwa meno,
na Kabugho, akidhani ni kifafa, akapiga yowe

nami nikacheka, mara ya kwanza usiku ule:
Anatetemeka, dada. Mwache atetemeke.