Sekunde Kumi na Moja

Jirani wa chini hudhani napika achari.
Siki hii, Mama Sherifa, si ya ndimu wala pilipili:
ni filamu, yaoza taratibu mikebeni,
nami huku Ganjoni, na kiyoyozi cha mkopo,
nalibembeleza joto la Machi lisipande ngazi.

Wakapiga simu watu wa runinga, Nairobi.
Wataka Kilindini ya zamani, sekunde kumi na moja.
"Na yule bwana anayekodolea kamera, mtoe.
Anatuharibia."

Nikavaa glavu. Mkebe wa mia mbili na nne:
makuli, magunia ya kahawa, jua la saa sita,
na yeye, shati halina kifungo hata kimoja,
ananitazama kama mwenye duka ninayemkwepa.
Nikajibu kuwa mkasi umepotea.
Nao, kwa uvivu au kwa haraka, wakamrusha hivyo hivyo.

Wiki haijaisha, hodi.
Kijana, fundi wa friji wa Kisauni, jasho hadi viatuni:
"Yule ni babu! Yule mpiga picha
alikula mihogo yake siku tatu, hakulipa.
Ndiyo maana akamkazia macho."

Tukacheka mpaka kiyoyozi kikazima.
Alipokuwa amekifungua, bisibisi mdomoni,
nikaitoa kadi, nikafuta
*mwanamume, hajulikani,*
nikaandika kwa penseli, maana wino hula karatasi:
*Bakari Mwadzaya, muuza mihogo.*
Na chini yake, kwa herufi ndogo:
*anadai.*