Nyayo Mbichi

Ba alinisimulia nikiwa mdogo, ghorofa ya nne, Upanga,
huku akichambua dengu kwenye sinia:
tembo aliingia ziwani kunywa maji,
mamba akamdaka mguu.
Wakavutana miaka elfu.
"Elfu nzima, Ba?"
"Elfu. Mwenye nguvu hachelewi kuchoka,
huchelewa kukiri."

Sasa mamba yuko kifuani mwake.
Nimemvuta kwa kila nilicho nacho:
mfungo wa Jumatatu kumi na sita,
nazi nilizopasua Kisutu,
bili za Muhimbili nilizozikunja nne nne
nikazilaza miguuni pa Bhagwan.
Niliweka nadhiri kama mtu anayeweka rehani.
Sikuwa naomba. Nilikuwa nadai.

Usiku mmoja wa masika umeme ukakatika.
Mashine ya hewa ikakoroma mara moja,
ikanyamaza.
Lifti imekwama tangu Diwali.
Mtungi wa akiba uko chini, kibandani kwa mlinzi,
nami mgongo wangu haubebi hata ndoo.
Nikashika mkono wa Ba. Midomo ilikuwa zambarau.
Nikatafuta sala, hata moja haikuja:
zote zilinitawanyika kama shanga, uzi umekatika.
Likabaki jina,
na hilo nalo nusu:
Nara—

Tembo vilevile, alisema Ba.
Maji yamemfika machoni,
akainua yungiyungi moja kwa mkonga
na hakulimaliza jina.
Bwana akatoka mbio.
Hakumngoja tai wake.
Hakuvaa viatu.

Nikasikia mtu ngazini.
Pazi, mlinzi, mtu wa Chanika,
mtungi begani kama gunia la mchele,
suruali imekunjwa magotini,
miguu mitupu inachuruzika.
"Nimeona giza, nikamkumbuka bibi."
Akafungua koki, akasikiliza kidogo, akaondoka.
Miaka sita, sijawahi kumpa hata chai.

Ba hakupona. Sitaki kudanganya.
Alikufa mwezi wa saba, mchana, amelalia ubavu.
Lakini usiku ule alipumua,
nami nikalala sakafuni, chini ya kitanda chake,
bila kudai kitu.

Alfajiri nikatoka na tambara.
Nyayo zilikuwa bado mbichi:
kisigino, vidole vitano,
kisigino, vidole vitano,
zinapanda.
Za kushuka sikuziona.
Nikakaa kwenye kidato cha juu, tambara mapajani,
mpaka zikakauka zenyewe.