Hatua Kumi na Saba

Taa nyekundu ya kamera ilikuwa inawaka
Bi Tatu Vuai alipovua ndara zake,
akakanyaga lami ya saa nne, imeshaanza moto.
"Nihesabie, mwanangu. Miguu inajua, kichwa ndo kinasahau.
Kutoka kisimani hadi kitanda nilichozaliwa, kumi na saba.
Tunaingilia nyuma, kama watoto."

Moja. Hapa kisima.
(Pana mfuniko wa chuma, wa maji machafu.)
Tano. Hapa kwa Feruzi Mnyasa, fundi wa majembe,
akikukopesha kwa maneno, akikudai kwa mluzi.
Nane. Ushoroba wa Kwa Biti Mwadini,
mwembamba, jeneza likipita kwa ubavu,
na bi harusi vilevile.
Kumi na moja. Akasimama.
Mbele yake teksi nyeupe.
Akagonga boneti kwa pete yake:
"We kijana, umeweka gari jikoni kwa mama."

Dereva akacheka.
Halafu akaacha kucheka, akaisogeza.

Hapo ndipo betri ilipokufa.
Kwa hivyo haya ni yale kamera isiyoyapata:

walipita vijana na chaki,
kila mlango wakauandika namba,
na mama, asiyejua kusoma,
akadhani ni hesabu ya mgao wa mchele.
Usiku ikanyesha. Akatoka na kipande cha jamvi
akaikinga ile namba, isifutike.

Siku ya tingatinga alikuwa amebandika maharage.
"Kiambaza cha udongo hakipigi kelele kikianguka," alisema Bi Tatu,
"kinashusha pumzi tu, kama mtu aliyetua mzigo."
Vumbi likatua chunguni.
"Tukayala. Tungefanyaje?"

Hakuendelea. Jua lilikuwa kali, na mimi sikumhimiza.

Ghorofa ya tano, Sadala mwana wa Feruzi
anasema Tatu anakosea: mlango wao ulitazama kisima.
Tatu anasema kibla.
Wanabishana tangu wahamishwe,
yeye dirishani, huyu chini uwanjani na kapu la sokoni.
Nikamuuliza Sadala niiache sauti ya nani.
Akanyamaza mpaka muadhini akamaliza.
"Babu yangu aliletwa Unguja kwa kamba,
hakuna aliyeandika hata jina la kijiji chao.
Sisi tuandike na tulivyogombana."
Nimeziacha zote mbili.

Usiku nakata na kuunga picha.
Mpwa wangu Zamzam, miaka minane, kaja kuchungulia.
"Mbona nyumba hazionekani?"
Nikarudisha mwanzo.
Nyayo mbili za bibi, peku. Lami.
Sauti yangu inahesabu, inakwaruza kidogo penye saba.
Kumi na moja, boneti, kicheko, giza.

Zamzam akalitazama lile giza kwenye kioo.
"Bado sita," akasema.
Akavua ndara.