Matunda Mabichi Mfukoni

Miaka tisa nimesimama nyuma ya mashine ya mvuke
kule Bogota, mtaa wa baridi na miavuli,
nikipima kahawa kwa mizani, gramu kwa gramu,
na mti wake sijawahi kuuona.
Aibu hiyo ndiyo iliyonipandisha basi la usiku
hadi Huila, kisha pikipiki ya Yeferson,
kisha miguu yangu mwenyewe,
maana mlima ule haubembelezwi kwa gurudumu.

Bi Hermelinda hakuniuliza nimesoma wapi.
Alinifunga kikapu kiunoni kwa mkanda wa gari lililokufa,
akainamisha tawi: "Jekundu kama damu ya pua. Hilo tu.
La kijani likikuita, jifanye kiziwi."

Nani angejua mteremko una meno?
Unasimama mguu mmoja leo, mmoja kesho,
sisimizi shingoni, mvua mgongoni,
na kikapu hakijai, hakijai.
Vidole vyangu vya mjini vilichuma kila kitu:
bivu, bichi, jani, hata buibui asiye na hatia.
Yale mabichi niliyaona, nikayaficha
mfukoni mwa koti, moja moja,
kama mtoto aliyeiba pipi.

Jioni, mizani.
Yeferson, kilo tisini na mbili.
Mjamzito wa shamba la jirani, sabini.
Mimi, kumi na moja, na bado Bi Hermelinda
aliyamwaga yangu juu ya gunia, akayachambua
bila neno. Kimya chake kilikuwa na vidole.

Mashine ya kumenya ina mpini
na sauti ya mtu anayetafuna mifupa:
ganda huku, mbegu huku, zimevaa ute,
zinateleza kama samaki anayekataa kushikwa.
Zikalala tangini, ute wake ukichacha.

Saa tisa za usiku akaniamsha. "Njoo usikie."
Nikadhani mwizi.
Alikuwa ameinamia tangi, mkono hadi kiwikoni,
akizisugua mbegu ndani ya ngumi:
"Jioni zilinyamaza. Sasa zinaongea,
kokoto za mtoni. Ukiwahi, zinakudanganya.
Ukichelewa, zinanuka, na mnunuzi ana pua."
Mimi, niliyezoea kipimajoto,
nilisikia maji tu.
Nikasugua tena. Na tena.
Labda kokoto moja.

Tulizianika darini, chini ya paa linalosukumwa kwa reli.
Wingu likikohoa tu, Nayibe, mjukuu wa miaka minane,
huacha daftari lake la hesabu na kulivuta paa lote
kwa mikono miwili, akitukana taratibu.

Nikaomba kikombe.
Bi Hermelinda akachemsha maji ya sukari guru,
akatia unga kutoka kopo la maziwa ya mtoto:
buni zilizotobolewa na wadudu, zilizovunjika,
zilizorudishwa na mnunuzi.
"Nzuri zina safari," alisema. "Sisi tuna hizi."
Mchumia juani, watu husema, hulia kivulini.
Sikuuliza kivuli hicho kiko nchi gani.

Nikatoa zawadi yangu, pakiti ya robo kilo,
jina la kijiji chao kwa herufi za dhahabu.
Nilisahau kubandua bei.
Yeferson aliisoma, midomo ikahesabu,
akatoka nje kumtazama mbwa.
Bi Hermelinda aliipika, akanusa, akaonja,
akafikiri kwa muda mrefu.
"Ina uchachu," akasema,
akaongeza sukari guru.

Leo niko tena nyuma ya mashine.
Mteja mwenye skafu anauliza kama hii ina ladha ya matunda.
Ninainama kuchukua maziwa,
na mfukoni mwa koti, yamekauka, meusi, magumu,
yale mabichi yananigonga ubavuni:
ko, ko.
"Ndiyo," ninamjibu. "Ina matunda."