Tiketi ya Kwenda Kwetu

Nimelipa elfu thelathini na tano, chakula ndani.
Stakabadhi ninayo, imegongwa muhuri wa zambarau:
safari ya kijiji, siku moja, kuondoka saa moja asubuhi
mbele ya stesheni ya reli, Tabora.
Tuko saba. Mtu na mkewe wa Arusha,
wanachuo watatu, mama mmoja wa Bujumbura
mwenye kofia ya ukindu, na mimi,
niliyejaza kwenye fomu, penye Utokako: Dodoma.
Sikusema uongo. Nilifupisha.

Kiongozi wetu ni Shija. Jina lenyewe linasema
kwao walitangulia mapacha.
Ana miaka ishirini na mitatu na kalamu sikioni,
na kila mti wa barabarani ana neno lake.
"Huu mninga. Ule mtundu. Yale mabani ya tumbaku."
Baridi ya Juni inaingia dirishani,
nami natazama upande ambao haoneshi.

Ipembele.
Tunashuka, tunapangwa mstari, tunafundishwa salamu.
"Semeni: Mwangaluka."
Sauti saba, kama darasa la kwanza siku ya kwanza.
Yangu nikaiharibu makusudi,
nikaukunja ulimi uwe wa mtu wa mbali.

Kinu tukakiona. Mchi tukaupokezana.
Mume wa Arusha akatwanga mara nne, akapigwa picha tano.
"Na hiki," Shija akasema, "ni kihenge.
Wazee walihifadhi nafaka humu."
Walihifadhi na mengine.
Nilikuwa na miaka sita, nimevunja mtungi wa shangazi,
nikajificha humo juu ya mtama, usingizi ukanichukua,
wakanitafuta hadi mtoni na vienge vya nyasi vinavyowaka.
"Kuna swali?"
Mama wa Bujumbura akauliza: "Na panya je?"
Shija akacheka, akasema panya ni panya.
Jibu nilikuwa nalo. Nikalimeza.

Ndipo Bi Nyamizi akatoka na vibakuli vitatu vya asali.
Huu ndio mchezo wa safari:
onja, utaje mti ambao nyuki alikula maua yake.
"Tangu nianze kazi," Shija akajitapa,
"hakuna mgeni aliyepata hata mmoja."
Wanachuo wakataja alizeti. Arusha wakataja kahawa.
Kijiko kikanifikia.

Fomu niliidanganya, salamu niliiharibu,
lakini ulimi ukilambishwa asali hauna siri.
"Hii ya muba," nikasema. "Hii ya mtundu.
Hii ya tatu ina moshi. Mrina alikuwa na haraka."

Kimya. Hata kamera.
Bi Nyamizi akaiweka kata chini taratibu.
Hakuniuliza jina. Akauliza: "Wewe wa nyumba gani?"
"Ya Mihambo. Mchonga mizinga. Karibu na kisima."
Akanyosha kidole: "Pale pana bani sasa."
Basi. Hakulia, sikulia.
Akamgeukia Shija: "Na huyu umemtoza ngapi?"

Ee, kicheko kile! Shija akapapasa mifuko,
akitaka kunirudishia pesa mbele ya watu.
Nikakataa. Bi Nyamizi naye akakataa jambo lake:
kiti changu cha mgeni akakiondoa.
Mgeni siku mbili, ya tatu mpe jembe;
mimi sikumaliza hata saa tatu nikapewa ndoo.
Wenzangu sita wakanawa, wakala ugali na kuku,
nami nikaenda kisimani kwa njia niliyoijua miguu,
nikamwaga nusu, nikasemwa.
"Dodoma hawateki maji?"

Jioni, garini, wanachuo wamelala wameegemeana.
Shija akahamia kiti cha karibu yangu,
akaitoa kalamu sikioni,
akafungua daftari lake la maneno ya safari.
"Kile kihenge," akanong'ona. "Panya mliwazuiaje?"
Taa za mji zilikuwa bado.
"Majivu," nikamwambia. "Na paka wa jirani.
Andika: aliitwa Kodi."