Kutia Chumvi

Bwana wa televisheni kule Kampala alimwandikia:
"Hakikisha hutii chumvi."
Biira alicheka mpaka kamera ikatikisika,
kisha akalijaza debe maji ya Ziwa Katwe
akazamisha mkanda mzima,
siku saba, jiwe juu ya kifuniko.

Mimi nilishika kinasa sauti.
Kazi yangu ilikuwa kutouliza.
"Usimhoji. Subiri," aliniambia,
basi tukamsubiri Muhindo, maji kiunoni,
akipasua kwa mtaimbo mwamba asiouona.
Nilichonasa: pumzi, chuma, pumzi,
na heroe mmoja aliyekohoa kama mtu.

Usiku tulitundika shuka kwenye ukuta wa ghala.
Picha ikaja imeliwa.
Fuwele zimechanua mahali pa uso,
mkono upo, haupo,
ziwa lote linachubuka
kutoka pembeni kuja kati.
Niliona aibu. Fedha za watu hizi, niliwaza.

Muhindo akainuka.
Akakunja suruali, akaupeleka mguu kwenye mwanga,
kidonda chake kando ya kidonda cha shuka.
"Wenzangu wamekula chumvi nyingi," alisema.
"Mimi, yenyewe ndiyo imenila.
Mashine yenu imejuaje?"

Biira hakujibu. Alikuwa anaurudisha mkanda mwanzo,
polepole, kwa kidole,
chumvi ikimdondokea mapajani.

Nyuma yetu mke wa Muhindo aliuliza
kama mguu nao utalipwa.

Kinasa sauti nilikuwa nimeshakizima.