Sekunde Tisa Kasoro

Baba alimkata yule mwanamke kwa mkasi wa mama wa kushonea,
kidogo kidogo, kutoka Nanyamba mpaka Newala.
Si kwa ubaya. Mkanda ulikuwa umechoka,
ukipita kwenye meno ya mashine unachanika,
naye hukata palipooza, huunga kwa gundi,
watu wanapiga miluzi gizani: Stambuli, washa!

Kila mchaniko ulimwangukia yeye.
Wanajeshi walipita salama, matrekta yalipita salama,
lakini akitokea tu pale stesheni, birika mkononi,
krrr.
Land Rover ya Wizara inabaki inanguruma peke yake
kama mtu aliyesahau alichotaka kusema.

Pale Nanyamba alikuwa na dakika nne.
Mahuta, mbili na nusu.
Kitangari walimwona anageuka, anafumbua kinywa, basi.

Na kile kinywa kilidai maneno.
Kirusi hakuna aliyekijua,
baba akashika kipaza sauti akamsemea,
leo hivi kesho vile, kutegemea alivyoshiba.
Mahuta alimwambia askari: Nenda, nimechoka kungoja.
Kitangari: Kaa, chai inachemka.
Na siku baba aliyogombana na mama,
Lalisa
(karatasi iliyokuja na mkanda ilimwita Larisa,
ndimi zetu zikamlainisha)
alisimama kwenye baridi ile akasema:
Nisamehe. Nilikunywa.

Theluji ndiyo iliyowaumiza watu.
Wanawake wa Newala, walioteremka bondeni alfajiri
wakapanda na debe kichwani,
waliuliza ile nyeupe ni nini. Baba akasema, maji.
Kimya.
Kisha Bibi Nangomwa, kwa sauti ya mtu aliyeibiwa:
Yote hayo? Na birika lake tupu?

Mama hakucheka. Alimtazama mwenzake anavyokatika,
akaikaza kanga kiunoni, akasema,
huyo amekuja kuchukua moto.

Miaka ikapita. Mchopa akarudi kutoka Kharkov
na diploma ya pampu na koti lisilo na kazi huku,
akainua kipande kwenye taa ya chemli.
Namjua, alisema. Tulimwona bwenini. Alicheza filamu mbili,
ya pili alikuwa wa tatu kutoka kushoto, harusini.
Halafu?
Halafu nini? Basi.
Baba akauliza, kama anayeuliza bei:
na hapa stesheni, anasemaje?
Mchopa akafikiri, akapiga chafya.
Anaomba kiberiti.

Baba alikaa muda mrefu na kikombe chake.
Mwaka mzima, alisema, wilaya nzima,
nimemtia mapenzi mdomoni, nimemtia toba,
kumbe mwenzangu ana shida ya njiti moja.

Nimerithi mimi, kwenye kopo la Kimbo.
Panya walikula nyingi. Zimebaki picha mia mbili na kumi na nne,
nimezihesabu mara mbili;
ishirini na nne ni sekunde moja,
kwa hiyo ni sekunde tisa kasoro.
Nyingine zimegandana kwa unyevu,
nyingine zimeingia rangi ya ganda la korosho.

Kitangari kuna akina Lalisa saba ninaowajua.
Mmoja anapima korosho pale chama cha msingi, mkali, haibiwi kilo.
Mmoja tumemzika Machi.
Niliwauliza jina limetoka wapi.
Hawajui. Mmoja aliniapia kuwa ni la Kimwera.

Sikumbishia.
Umeme ukikatika, na siku hizi hukatika sana,
nawasha kiberiti, namweka mbele ya mwali,
si karibu sana.
Kinywa kiko wazi. Nyuma yake maji yote yale,
meupe, hayana mtekaji.
Njiti inaniunguza kidole.